Dawa ya Deni ni Kulipa, Chanjo Yake ni Chuo Bure

Hotuba niliyoitoa kwa klabu ya mdahalo ya wanafunzi wa chuo kikuu, jioni ya shindano lao la kaulimbiu za kuchekesha kuhusu mikopo ya elimu ya juu. Nimeiandika karibu kama nilivyoisema. Nimeondoa tu mizaha iliyowahusu watu waliokuwa ukumbini.

Ndugu mwenyekiti, mlezi wa klabu, na ninyi wadogo zangu mliojaa mpaka madirishani. Marahaba, marahaba. Wale wa nyuma ambao hawajaniamkia nimewaona, ila nawasamehe, kwa sababu nimeambiwa bumu, ile hela ya kujikimu inayotoka kwenye mkopo, bado halijasoma kwenye akaunti. Mtu aliyepiga pasi ndefu, yaani aliyeruka mlo, tangu jana hadaiwi shikamoo.

Mada mliyonipa ina vipande viwili: tuliepukeje deni la chuo, na chuo kiwe bure vipi. Kipande cha kwanza ni chepesi. Njia ya uhakika ya kuepuka deni la chuo ni moja tu: chagua wazazi mapema. Hiyo mnaweza kuichukua mkaiandika bangoni, sidai hakimiliki. Kipande cha pili ndicho kilichonitoa nyumbani usiku wa mpira.

Mwenyekiti alinipa bahasha ya kaulimbiu mlizoandika wiki hii. Nimezisoma zote ndani ya daladala, na nyingine zilinichekesha hadi konda akaniuliza kama niko salama. Nyingine zilinitia usingizi. "Mikopo ya elimu ya juu ni haki ya msingi kwa maendeleo endelevu ya taifa." Ndugu yangu uliyeandika hii, wewe unafaa kuajiriwa wizarani kesho asubuhi, lakini barabarani hakuna atakayegeuza shingo. Na ninyi mliogeuza ile "Hapa Kazi Tu" ya Magufuli mkaandika "Hapa Deni Tu", nasema ninyi kwa sababu mko wengi, nimecheka mara ya kwanza. Mzaha unaowajia watu wote siku moja una kasoro hiyo: msikilizaji naye ulishamjia.

Halafu iko hii, na mwandishi wake nataka nimshike mkono: "Elimu haina mwisho, na deni lake vilevile."

Ninyi mnacheka kwa sababu ya methali. Kaka na dada zenu watacheka kwa sababu ya hesabu. Ilikuwa hivi. Sheria ya Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu hapa Tanzania ni ya mwaka 2004, na Bodi yenyewe ilianza kazi mwaka 2005. Kwa miaka mingi mnufaika alikatwa asilimia 8 ya mshahara, huku deni lake likiongezwa asilimia 6 kila mwaka kwa jina la kulinda thamani ya fedha. Sasa mchukue mtu wa kufikirika, mwalimu anayedaiwa milioni 10, mshahara wake laki saba. Asilimia 8 ya laki saba ni 56,000 kwa mwezi. Kwa mwaka amekatwa 672,000. Lakini asilimia 6 ya milioni 10 ni 600,000. Mwaka mzima mtu amekatwa, amelalamika, amekula mihogo mwezi Januari, na deni limepungua kwa 72,000. Viatu vya ngozi pea moja. Kwa mwendo huo anafika kustaafu, deni bado linamsindikiza.

Mwaka 2016 sheria ikabadilishwa, makato yakapanda hadi asilimia 15, na vyama vya wafanyakazi vikapiga kelele, hasa kwa wale waliokuwa wamekopa wakijua watakatwa 8. Ile asilimia 6 iliondoka kwa tamko la Rais Samia Suluhu Hassan kwenye sherehe za Mei Mosi, Mwanza, mwaka 2021. Kwa hiyo kaulimbiu yako, mdogo wangu, ingekuwa dhahabu mwaka 2018. Leo afisa wa Bodi ataijibu kwa sentensi moja, kwamba tozo hiyo tulishaifuta, na watu watakuona hujafanya utafiti. Mizaha ya deni ina tarehe ya mwisho wa matumizi. Iangalieni kabla ya kupika.

Asilimia 15, hata hivyo, ipo. Kwa hiyo niliyoipenda zaidi katika bahasha ile ni hii: "Mchumba, vumilia. Bi mkubwa wangu ni Bodi, anachukua asilimia 15." Hii ina kila kitu. Takwimu ni sahihi. Kila mtu anaelewa ugumu wa kuolewa bi mdogo kwa mwanamume ambaye mshahara wake una mwenyewe. Na hakuna aliyetukanwa. Hata afisa wa Bodi atacheka, kwa sababu naye, uwezekano mkubwa, anakatwa.

Nyingine ni ya maneno manne tu: "Mimi nimedisko, deni limefaulu." Mwanafunzi aliyeondolewa chuo mwaka wa pili hasamehewi alichokopa. Digrii hana, deni analo. Ukitaka kueleza jambo hilo kwa lugha ya ripoti utahitaji kurasa, na mwishoni waziri atakuwa amelala. Huyu amelimaliza kabla konda hajarudisha chenji.

Sasa niseme lile hasa nililojia. Deni linaishi kwa aibu. Mdaiwa wa dukani anabadilisha njia. Simu ikiita namba asiyoijua, anampa mtoto: mwambie sipo. Mdaiwa wa chuo naye ni hivyohivyo, ila yeye ana na joho. Mliona majina ya wanaoitwa wadaiwa sugu yalivyowahi kutangazwa hadharani. Watu walikuwa wanatafuta jina la jirani kabla ya kutafuta la kwao. Mtu amesoma, hajapata kazi, anauza vocha, na jina lake liko kwenye orodha, na hajamwambia mama yake. Yuko yeye, na mwenzake mtaa wa pili, na mwingine Kahama, na mwingine Lindi, kila mmoja amejificha peke yake akidhani ni mzembe peke yake. Watu waliojificha hawaandamani, hawaulizi swali bungeni, hawapigi kura kwa pamoja. Aliyeandika "Bodi inanitafuta, mimi natafuta kazi, atakayetuona atukutanishe" amefanya jambo moja kubwa: amemtoa mtu huyo uvunguni. Ukiweza kulicheka deni lako mbele ya watu, aibu haijapotea, imehama. Imeenda kwa aliyepanga bei.

Na sisi watu wa kanga hatupaswi kufundishwa hili na mtu wa nje. Bibi zetu walishindwa kumwambia jirani usoni, wakamvalia.

Twende Afrika Kusini. Oktoba 2015, Chuo Kikuu cha Witwatersrand, Johannesburg, kilitangaza ada ya mwaka unaofuata ingepanda kwa asilimia 10.5. Wanafunzi wakafunga mageti. Ndani ya siku chache moto umeenea vyuo vya nchi nzima, vuguvugu likaitwa Fees Must Fall, yaani ada sharti zianguke. Katika maandamano hayo palikuwa na bango lililopigwa picha mno, na mimi huwa nalifundisha kama shairi. Lilisema, kwa Kiswahili changu: "Mwaka 1994 wazazi wetu waliuziwa ndoto. Sisi tumekuja tu kudai turudishiwe hela."

Litazameni polepole. Kijana amesimama juani, nyuma yake polisi, na anazungumza kama mteja aliyerudi dukani na redio mbovu. Hatukani. Hapigi kelele. "Tumekuja tu." Neno hilo "tu" lina adabu zote za mteja ambaye hataondoka. Wazazi hawalaumiwi, kwa sababu wao waliuziwa. Anayelaumiwa hatajwi, na kila mtu anajua ni nani aliyekuwa nyuma ya kaunta. Na 1994 peke yake, mwaka wa uchaguzi wa kwanza wa watu wote, inabeba historia ambayo wengine wangeiandikia kitabu.

Siku zilezile waziri wao wa elimu ya juu, Blade Nzimande, naye akajaribu kuchekesha. Kamera ikamnasa akitania kwamba wanafunzi wasipokubali pendekezo la serikali, wao watu wa serikali wataanzisha vuguvugu lao, waliite Students Must Fall, wanafunzi sharti waanguke. Akacheka. Nchi haikucheka. Umbo la mzaha ni lilelile, ila anayeutoa hana ada ya kulipa. Mwenye gari la serikali hawezi kuwatania watu wa miguu kwa mzaha waliouanzisha wao wenyewe. Baada ya hapo mabango yakaanza kudai aanguke yeye.

Tarehe 23 Oktoba Rais Jacob Zuma alitangaza kwamba ada ya 2016 haitapanda hata senti. Desemba 2017 akaenda mbali zaidi: elimu ya juu bure kwa watoto wa familia zenye kipato kisichozidi randi 350,000 kwa mwaka. Sisemi bango lilifanya hayo. Mageti yaliyofungwa yalifanya zaidi. Ila bango ndilo lililomfanya mama wa nyumbani Soweto awe upande wa waliofunga mageti, na hiyo si kazi ndogo.

Chile nitaipitia haraka. Mwaka 2011 wanafunzi wa Santiago walijipaka unga na damu ya bandia, maelfu wakavaa kama maiti waliofufuka, wakacheza ngoma ya mizimu mbele ya ikulu. Wengine wakakimbia kuizunguka ikulu hiyohiyo kwa kupokezana kwa saa 1,800 mfululizo, usiku na mchana, kwa sababu walihesabu kwamba dola milioni 1,800 zingesomesha wanafunzi 300,000 kwa mwaka. Saa moja kwa kila milioni. Polisi wafanye nini? Kukimbia si kosa. Mmoja wa viongozi wa wanafunzi wale, Gabriel Boric, aliingia ikulu ileile mwaka 2022, safari hii kwa mlango, akiwa Rais.

Mkisikia hayo mnaweza kudhani mzaha wa mwanafunzi hauna hatari. Unayo, na mfano mkubwa uko hapa kwetu.

Tarehe 22 Oktoba 1966. Wakati huo chuo Dar es Salaam ni bure kabisa: chakula, kitanda, vitabu. Serikali inatangaza kwamba wahitimu wataingia Jeshi la Kujenga Taifa kwa lazima, na kwa sehemu kubwa ya utumishi huo watapokea asilimia 40 tu ya mshahara wao. Wanafunzi wanaandamana hadi Ikulu wakiwa wamevaa majoho. Wana risala, ndani yake wanasema miili yao inaweza kwenda lakini roho zao zitabaki nje ya mpango. Na wana mabango. Mojawapo linasema maisha yalikuwa afadhali wakati wa mkoloni.

Nadhani aliyeliandika alikuwa anachekesha. Nadhani usiku ule bwenini wenzake walicheka sana. Lakini jiweke mahali pa mkulima wa pamba aliyekuwa anakatwa ushuru ili huyo bwana ale mayai asubuhi. Miaka mitano tu baada ya Uhuru! Mwalimu Nyerere aliwasikiliza mpaka mwisho, akakasirika, akawarudisha makwao zaidi ya mia tatu. Akasema na mishahara ya wakubwa imezidi, akapunguza wa kwake mwenyewe kwa asilimia 20. Wengi wa wanafunzi wale walirudishwa chuoni baadaye, lakini ile hoja yao ya mshahara, ambayo huenda ilikuwa na ukweli ndani yake, ilizikwa na bango moja.

Mwalimu alikuwa na mfano wake kuhusu msomi: kijiji kina njaa, kinampa mtu mmoja chakula chote kilichobaki ili apate nguvu za kwenda mbali kuleta msaada. Akila akatokomea, ni msaliti. Kwa hiyo waliosoma bure nao walidaiwa, ila mdai alikuwa kijiji na hakutuma ujumbe wa simu. Nawaambia hili kwa sababu kesho mtadai chuo bure, na mtu atasimama pale kati aulize: mkulima wa Kibondo, ambaye mtoto wake hakufika kidato cha nne, kwa nini alipe kodi kwenye sukari ili wewe uwe mwanasheria? Msimcheke huyo. Hilo ndilo swali gumu kuliko yote, na ukilijibu kwa kijembe umeandika bango la 1966 upya.

Mimi niko upande wa bure, nisiwafiche, na nitawaambia kwa nini kufuta madeni peke yake hakunitoshi. Marekani wanafunzi wanadaiwa zaidi ya dola trilioni 1.6. Agosti 2022 Rais Biden alitangaza kuwafutia wengi wao hadi dola 10,000, na hadi 20,000 kwa waliosoma kwa ruzuku ya watu wa kipato cha chini. Furaha, vigelegele. Tarehe 30 Juni 2023 Mahakama ya Juu ikauzuia mpango, majaji sita kwa watatu. Lakini hata ungepita, wanafunzi wa mwaka wa kwanza wa Septemba ile wangepanga foleni kukopa upya. Na watu hao hawahitaji kwenda mbali kuona chuo bure kinavyokuwa. Chuo Kikuu cha Jiji la New York hakikutoza ada wanafunzi wake wa jijini mpaka mwaka 1976, jiji lilipoishiwa fedha. Ujerumani walikwenda upande mwingine: majimbo kadhaa yalianza kutoza hadi euro 500 kwa muhula kuanzia 2006, wanafunzi wakasumbua, jimbo moja baada ya jingine likaacha, la mwisho mwaka 2014.

Ndiyo maana kaulimbiu yangu, kwa kuwa mwenyekiti amesema hata mgeni lazima ashiriki, ni hii: "Dawa ya deni ni kulipa, chanjo yake ni chuo bure." Wanaotudai wanaipenda sana nusu ya kwanza. Mimi nimeongeza nusu.

Lakini nakiri kuna iliyonishinda, iliyokuwa chini kabisa ya bahasha kwenye karatasi iliyochanwa daftarini: "Serikali umenisindikiza miaka 13, usiniache getini." Hebu ifanyieni hesabu. Mtoto aliyeanza darasa la kwanza mwaka 2011 hakulipa ada ya shule ya msingi. Akaingia kidato cha kwanza 2018, ada ya sekondari ilishafutwa tangu Januari 2016. Akaingia kidato cha tano 2022, mwaka ambao ada ya kidato cha tano na sita nayo ikafutwa. Saba, nne, mbili: kumi na tatu. (Michango ya madawati na mlinzi tuiache, hapa tuna mlezi wa klabu.) Amefika chuo Oktoba 2024, na hapo ndipo anaambiwa jaza fomu. Kwetu mgeni anasindikizwa mpaka aone gari lake. Ukimwacha njiani giza likiwa linaingia, watu wanakusema. Huyu mwandishi haombi zawadi, anauliza tu adabu za kusindikiza zimeishia wapi.

Na ukibanwa na swali la mkulima wa Kibondo, kaulimbiu hiyo inakupa pa kuanzia. Bajeti ya mikopo imeshapita shilingi bilioni 700 kwa mwaka. Fedha inatoka tayari. Kinachobishaniwa ni nani airudishe na lini. Afrika Kusini walichora mstari kwenye kipato cha familia. Chile walianza na watoto wa familia za chini, wakapanda kidogokidogo. Kwa mstari kama huo, mtoto wa huyo mkulima, akifika, ndiye anayeingia kwanza. Na mhitimu anayepata kazi analipa PAYE, ile kodi inayokatwa kwenye mshahara, mpaka anastaafu, kwa hiyo si kwamba anakula na kuondoka. Mmoja wenu ameandika "Bure yangu nitailipa kwa PAYE." Haichekeshi sana, nakubali. Ipelekeni kwenye mdahalo, siyo kwenye bango.

Kuhusu shindano, ninachoomba ni kidogo. Maneno yasizidi kumi na mawili, kwa sababu msomaji wenu yuko kwenye bodaboda. Msimtaje mtu kwa jina wala kwa umbo lake, wala kabila, wala chama. Msiandike Kiingereza ili muonekane mmesoma, mnadaiwa tayari, inatosha. Na kabla hujaliinua bango, kalisome kwa mama ntilie anayekuandika kwenye daftari lake. Asipocheka, lirudishe. Akicheka tu, bado. Akicheka halafu akasimamisha mwiko akauliza, "Kwani wanawakata shilingi ngapi?", hilo ndilo.

Mwenyekiti, naona maka peni mbili zimeshakauka na kundi la tatu wanagombania kadibodi. Wape nyingine, tuanze na kundi la kwanza.